Nimepewa tena role ya jambazi, niichukue au nikatae? Mnaomjua Danny Trejo mje huku

NgamianiOriginal:
Wakuu habari za majukumu, niende moja kwa moja kwenye mada. Nipo Atlanta huku Georgia, kazi inayonilisha ni ya ghala shifti ya usiku, ila mchana nakimbizana na mambo ya kuigiza maana huku muvi zinapigwa kila kona tangu jimbo lilipoanza kuwapa maprodyuza nafuu ya kodi hadi asilimia 30 mwaka 2008. Nimekaa sana kwenye uekstra, wale wa kupita nyuma ya steringi, na mara mojamoja napata laini mbili tatu.

Shida ni sura. Nina kovu toka shavuni mpaka karibu na sikio (bati la utotoni jamani, sio panga), mwili ninao na lafudhi yangu haijifichi, kwa hiyo kila nikiitwa naitwa kuwa adui. Sasa nimepata role ya muuza silaha kwenye tamthilia, scene tatu, naongea kabisa, halafu napigwa risasi. Mama yupo Tanga, nilivyomwambia akasema yaani mwanangu umevuka bahari yote hiyo kwenda kuwa jambazi, majirani nitawaambia nini. Shemeji naye anasema nikatae nisubiri role ya heshima. Mimi najipa moyo na Danny Trejo, yule mzee wa muvi ya Machete, ila sijui kama mfano wake unanihusu kweli au najidanganya. Naombeni ushauri, matusi hapana.

Kiti_cha_Mbele:
Yani bati ndo limekupa ajira Marekani, mimi langu lilinipa tetanasi tu 😂 ngoja wajuzi waje.

Mzee wa VHS:
Mkuu huyo mzee nimemfuatilia miaka, ngoja nikupe ilivyo halafu upime mwenyewe. Trejo kazaliwa 1944, kakulia Pacoima pale Los Angeles, na unga na uporaji kaanza akiwa mtoto kabisa, amefungwa San Quentin, Folsom, Soledad, na huko San Quentin alikuwa bingwa wa ngumi wa gereza. Kilevi aliacha 1968 akiwa bado ndani, 1969 akatoka, na kuanzia hapo kazi yake ikawa kuwasaidia watu waache madawa. Hapo ndipo wengi wanaporuka. Kuigiza hakukuwepo kichwani kabisa, umri unaenda 40, yeye na walevi wake tu.

Sasa 1985 usiku mmoja kijana aliyekuwa anamsaidia kampigia simu, yupo lokesheni ya muvi ya Runaway Train na kokeini imejaa pale anaogopa atarudi nyuma. Trejo kaenda kumkalia karibu, basi. Watu wa muvi kuona ile michoro ya kifuani wakamuuliza unaweza kuigiza kama mfungwa? Mtu katoka jela zote zile anaulizwa hivyo! Kumbe mwandishi wa script, Edward Bunker, naye ni mfungwa wa zamani na alishamwona akipigana San Quentin, akampa kazi ya kumfundisha Eric Roberts ngumi kwa dola 320 kwa siku. Roberts akawa anamwogopa anafuata kila anachoambiwa, direkta Konchalovsky kuona vile akasema huyu huyu aingie kwenye muvi apigane naye.

Baada ya hapo miaka na miaka ni mfungwa, muuza unga, mfungwa, bondia, mfungwa. Wahusika wengine hata majina hawakuwa nayo. Ila mwangalie kwenye Desperado 1995, anavaa kizibao kimejaa visu na haongei hata neno moja, halafu ukitoka unamkumbuka yeye. Mwaka huohuo yupo kwenye Heat, ile scene De Niro anamkuta sakafuni kapigwa damu zinamtoka, mke keshauawa, anamwomba ammalizie. Dakika chache tu pale, lakini sauti ile imekwisha nguvu, huwezi kusema huyu ni sura peke yake. Mwandishi mmoja aliwahi kumuuliza kama hachoki kupewa kila siku role za Mmeksiko mkorofi mwenye tatoo, akajibu kwamba yeye ndo Mmeksiko mkorofi mwenye tatoo, hatimaye kuna watu wamepatia.

Usteringi kaupata 2010 na Machete, ana miaka 66. Chukua hiyo role.

Bi Shani:
Mzee wa VHS umeandika gazeti zuri ila mimi napinga mwisho wake. Trejo alikuwa anauza kitu alichokiishi, Ngamiani hajawahi kuiba hata embe. Halafu Mchikano (Mmarekani mwenye asili ya Meksiko) wa Los Angeles kuigiza mfungwa ni tofauti na Mwafrika mwenye lafudhi kuigiza muuza silaha, maana Mmarekani wa kawaida Mwafrika mwingine hamjui, ataondoka na yule yule wa kwenye tv. Na mnasahau Trejo alikuwa na maisha mengine kabisa pembeni, mpaka leo anaingia magerezani kuongea na wafungwa, kwa hiyo ile sura ya tv haikummeza. Mdogo wangu wewe pembeni una nini zaidi ya ghala?

otero_mpls:
Bi Shani ameongea. Mimi niko Minneapolis, hapa kwetu kuna mfano wa karibu kuliko huyo Trejo wenu. Barkhad Abdi, Msomali wa hapa, alikuwa dereva wa limo, akaenda odishini ya Captain Phillips watu zaidi ya 700 wamejipanga na akachukuliwa awe kiongozi wa maharamia. 2014 akashinda BAFTA, tuzo ya filamu ya Uingereza, na kwa Oscar akawa nominated, lakini pesa iliyoripotiwa ni kama dola 65,000 tu, na ukigawanya na muda wa shooting na kukaa kusubiri simu nyingine si kitu. Hiyo ndio part hawakuambii. Lakini pia angalia, Eye in the Sky ya 2015 iliyowekwa Nairobi alikuwa ajenti upande wa wazuri, anajificha kwa mitaa na kile kidrone kidogo, mimi ndio nilimpenda zaidi hapo. Kwa hivyo uharamia haukumfunga, ila haukumlisha pia. Usiwache ghala bro.

NgamianiOriginal:
Asanteni sana, kumbe watu mnajua. Ghala siachi, hilo lipo wazi. Bi Shani swali lako limenichoma kidogo, pembeni nafundisha vijana wa mtaani kwetu mieleka jumamosi, sijawahi kufikiria kama ina uhusiano. Sasa nikiichukua hii role kuna kitu naweza kuomba kibadilishwe au nikiomba tu wanamwita mwingine?

Cherehani:
Nipo idara ya mavazi mwaka wa ngapi huu, nikwambie kwa ground. Uhusiano upo. Trejo hakuingizwa kwa sura peke yake kama mnavyodhani, aliingizwa kwa sababu alikuwa na kazi ya kufanya pale, anajua ngumi na anajua kufundisha. Kwenye rezyume yako andika mieleka, andika Kiswahili. Unajua ni script ngapi zinaandikwa mhusika "anaongea Kiafrika" halafu siku ya shooting hakuna anayejua aseme nini? Hapo unajitolea kuwatengenezea maneno na unapatana nao malipo ya hiyo kazi tofauti.

Kuhusu kubadilisha, usiguse script kwa imeili kabla hujasaini. Omba kurasa zote za scene zako, zisome. Ukifika set, wakati wa rehearsal, mwombe direkta kitu kimoja kidogo tu. Nimeshamwona akta mmoja aliyepewa jambazi akaomba awe anamenya chungwa wakati anatishia watu, direkta akafurahi, na kwenye editing hakuna aliyethubutu kumkata.

La muhimu zaidi ni karatasi. Role yenye laini kwenye mkataba wa SAG-AFTRA (chama cha waigizaji wa Marekani) inakupa hela kila wakirudia kuionyesha, ekstra hapati hiyo. Kwa hiyo hakikisha mkataba haujaandikwa background (yaani ekstra) wakati unaongea scene tatu. Na ajenti anayekutafutia kazi anakata asilimia 10 ukishalipwa, ukiona anayetaka hela mbele kimbia. Uwe na akiba pia, 2023 waigizaji waligoma siku 118 na waliosimama sio wao tu, sisi wa cherehani tulilala nyumbani nao.

Mzee wa VHS:
Cherehani umemaliza. Na mama mwambie hivi, yule yule mrusha visu wa Desperado, mwaka 2001 alikuwa anko wa watoto kwenye Spy Kids, jina Machete hilohilo. Muwekee hiyo aangalie na wajukuu kwanza.

NgamianiOriginal:
Nimewaandikia nimekubali na nimeomba kurasa, na kweli kwenye draft ya mkataba kuna sehemu imeandikwa background, Cherehani naomba nikufuate inbox kabla sijasaini.

Kiti_cha_Mbele:
Mkuu ukishauawa leta episode namba ngapi.