Picha ya baba kaburini: mama anataka, shangazi hataki

BintiWaUru
Habari za jioni wadau. Baba tulimzika kihambani, shamba letu la ukoo, Uru, Moshi, mwezi wa nne. Alikuwa fundi cherehani Kiboriloni miaka yote ninayomkumbuka. Picha aliyoacha ni moja, pasipoti ya 1998, shingo imekakamaa kama anadaiwa. Ndiyo iliyochapwa kwenye fulana za msiba, na kila aliyeivaa alisema "huyu siye."

Sasa tunajengea kaburi, ndugu wakipanda Krismasi walikute limekamilika. Mama anataka picha hiyohiyo kwenye marumaru. Shangazi amegoma: pandeni masale, mimea yetu ya mila ya Kichagga, yanatosha, uso wa mtu haukai mvuani. Mimi ningependa achorwe alivyokuwa, miwani juu ya paji, futi shingoni. Kuna aliyewahi kumchoresha marehemu kwa kusimulia tu?

FundiBrashi
Pole sana dada. Nachora mabango hapa Majengo, na wenye shida kama yako huwa wanakuja. Kwanza, rangi kaburini sahau. Chini ya migomba unyevu hauishi, masika mawili tu kuvu imeshakula uso. Mchoro ukae sebuleni.

Njoo na watu wawili waliomjua, ila niwasikilize mmoja mmoja, maana wakikaa pamoja mmoja akisema pua pana mwenzake anaitikia tu. Mimi naanzia mikono. Nikipatia alivyoshika kitambaa, uso unakuja wenyewe. Na shati lake lije, mabega yamebaki humo.

Machame_Juu
Sisi tuliweka ya marumaru. Imepauka, babu sasa anafanana na mjomba.

MzeeWaKibosho
Mwanangu, shangazi msikilize. Sale si ua la mapambo. Ndilo unalompelekea uliyemkosea ukaombe radhi. Picha sikatai. Mangi Meli, mtawala wa Wachagga wa Old Moshi aliyenyongwa na Wajerumani Machi 2, 1900, ana sanamu yake hukohuko. Lakini fuvu lake, linalosadikiwa kupelekwa Ujerumani, ukoo umelitafuta miaka na miaka. Sanamu haikuwatuliza.

BintiWaUru
Shikamoo mzee, asanteni wote. Nimempigia shangazi, nikamuuliza habari za mikono tu. Akanyamaza, nikadhani simu imekatika. Kumbe kidole cha shahada cha kushoto cha baba kilichomwa sindano ya cherehani akiwa bado anajifunza kazi, ukucha ukaota umepinda. Miaka yote hiyo sikuwahi kuuona. Jumamosi tunashuka naye Majengo. Masale anakuja nayo, amesema hilo halijadiliwi.