Kinubi cha upepo hakilii dirishani, tatizo nini?

Swali: Wakuu, habari. Nimetengeneza kinubi cha kulizwa na upepo wenyewe: sanduku lina urefu wa sm 90, mfuniko ni plaiwudi ya mm 6, nyuzi 6 za mshipi wa kuvulia samaki wa mm 0.5, kila moja na noti yake. Kusi inavuma vizuri lakini kimya. Halafu, ni kweli muziki wa upepo hupunguza kasi ya muda?

Jibu 1: Mkuu, mfuniko huo mnene mno, weka mm 3. Nyuzi zote zipe noti moja ila unene tofauti, mm 0.4 hadi 1, wala usizikaze sana. Kasi ya upepo zidisha kwa 0.2, gawanya kwa unene wa uzi kwa mita (mm 0.5 ni mita 0.0005): upepo wa mita 5 kwa sekunde kwenye mm 0.5 unatikisa mara 2000 kwa sekunde. Uzi uliokazwa sana hauitikii hapo.

Jibu 2: Dirisha nalo! Shusha kioo mpaka ibaki nafasi ya sm 4 juu ya nyuzi, na ufungue mlango wa upande wa pili, la sivyo upepo haupiti. Mshipi hulegea kwa joto la mchana, kaza upya jioni.

Jibu 3: Saa haibadiliki, kinachopotea ni hesabu. Sauti inaingia polepole, inapanda noti, inafifia, haina pigo hata moja la kuhesabia. Jaribu: ficha saa, msikilizaji akisie dakika 10 zimeisha lini. Kisha rudia kwa ngoma.