Nidai kurudishwa kazini na mshahara wa miezi 34? Naomba ushauri

Mtambo_Viwandani: Wakuu, nimekwama, hata usingizi sipati. Niliendesha mashine miaka tisa kwenye kiwanda cha plastiki, Industrial Area, Nairobi, mshahara wa jumla shilingi 31,500 kwa mwezi. Tarehe 17 Machi 2023 niliitwa ofisini saa nne asubuhi kuambiwa magunia ya malighafi yamepotea zamu yangu. Saa nane nikapewa barua ya kufutwa. Nimeandika barua ya madai: wanirudishe na wanilipe miezi 34 tangu siku hiyo, yaani 1,071,000. Niipeleke?

Umoja_Estate: Hapo kuna kesi. Kifungu cha 41 cha Sheria ya Ajira ya Kenya ya 2007 kinamtaka mwajiri akueleze kosa kwa lugha unayoielewa, ukiwa na mfanyakazi mwenzako au mwakilishi wa chama cha wafanyakazi, kisha akusikilize kabla ya kuamua. Saa nne hadi saa nane ni uonevu.

Mzee wa Zamu: Wafanyakazi wanakwepa ada ya chama halafu wanaingia ofisi ya meneja peke yao. Mwakilishi wa chama angekuwa ndani, barua isingetoka siku hiyo hiyo.

Karani_Milimani: Ndugu, siku ya kuchukua pesa za mwisho ulisaini nini?

Mtambo_Viwandani: Ya kupokea tu, kawaida.

Karani_Milimani: Tuandikie maneno yaliyo juu ya sahihi yako.

Mtambo_Viwandani: Imeandikwa nimepokea 39,900 na sina dai lolote zaidi. Nilikuwa nadaiwa kodi. Walisema bila sahihi sipati cheti cha utumishi. Lakini mimi nataka kazi yangu, na muda ninao, maana kamati ilinisikiliza na kunijibu 28 Aprili. Leba, ofisi ya kazi, pia naenda tangu mwaka jana.

Mpita_Njia: Hadithi hii imetungwa. Juu amefutwa ndani ya saa nne bila kusikilizwa, hapa chini kamati imemsikiliza Aprili. Tusipoteze muda.

Mtambo_Viwandani: Sijatunga. Kamati ilikuwa ya rufaa ya ndani, baada ya barua. Ilikataa.

Karani_Milimani: Basi tarehe zinalingana, na hesabu pia: siku 17 za Machi kwa 1,050 ni 17,850, likizo ya siku 21 ni 22,050. Jumla ni 39,900 kamili. Hawakulipa hata notisi.

Hiyo karatasi ndiyo mlima wako. Mahakama ya Rufaa huichukua kama mkataba ikiwa ulisaini kwa hiari ukiielewa. Shida ya kodi haiivunji, lakini cheti ni haki yako chini ya kifungu cha 51, na kukizuia ili usaini ni shinikizo. Pia 39,900 ni jasho lako la zamani, kwa hiyo una hoja kwamba hukulipwa chochote kwa kuacha madai. Andika nani alisema hayo, wapi, na nani alisikia.

Muda wa kushtaki unahesabiwa tangu barua ya 17 Machi 2023. Rufaa ya ndani haiusimamishi, safari za leba haziusimamishi. Amri ya kurudishwa nayo lazima itolewe ndani ya miaka mitatu tangu kufutwa. Ukishtaki kesho, hukumu haitatoka kabla ya katikati ya Machi 2026. Kurudi kumekwisha, na ile miezi 34 ingekuja pamoja na kurudi.

Mtambo_Viwandani: Lakini kuna jamaa alirudishwa kiwanda cha jirani. Na kibarua nilichokuwa nacho nimeshaacha nikijua narudi.

Umoja_Estate: Ungeuliza kwanza, kaka.

Karani_Milimani: Tafuta kibarua kingine wiki hii. Kifungu cha 49 kinaangalia pia kama ulijitahidi kupata kazi. Fidia haizidi miezi 12, yaani 378,000, na mara nyingi korti hutoa chini ya hapo. Ongeza notisi 31,500. Mshahara wako uko chini ya 80,000, kesi inaweza kusikilizwa na hakimu. Andaa maelezo ya madai, kiapo cha kuyathibitisha, taarifa za mashahidi, barua ya kufutwa, hati za mshahara na taarifa ya benki. Barua ya madai itangulie, iwape siku saba za kujibu, isajiliwe na kupigwa muhuri mapokezi.

Mtambo_Viwandani: Sawa. Nafuta miezi 34. Jibu la kamati niliweke au nilifiche?

Karani_Milimani: Liweke. Wao wanalo.