Friza inavuja upande wa mashine ya barafu, naombeni ushauri

NnyaboKireka: Habari za jioni ndugu zangu. Friza yangu ina ile mashine inayotengeneza barafu yenyewe, imeungwa na paipu nyembamba ya maji kwa nyuma. Siku hizi trei inafurika, maji yanagandia juu ya nyama na samaki mpaka vimeshikana, mengine yanapenya mlangoni hadi sakafuni. Mwenye nyumba anaishi chini yangu na dari yake imeanza kuota doa. Fundi anasema mashine imekufa, tubadilishe yote. Je, ninunue hapa Kampala au niagize nje? Usingizi sipati.

MzeeBombo: Mwanangu, maji ya barafu yanaharibu kifua. Sisi tumekulia maji ya mtungi na bado tunapanda ngazi wenyewe. Kizime hicho kitu upumzike.

BodaJinja: Nyama na samaki vimeshikana? Hivyo havitengani tena dada, pika tu utuite.

FundiBaridi: Pole nnyabo. Usinunue kitu bado. Hayo maji yanayoingia kwenye friza yanatoka wapi?

NnyaboKireka: Ni maji masafi, hata watoto wanakunywa. Na huyo fundi nimeshampa elfu themanini za kuanzia. Ni mtu mwaminifu, ndiye aliyenifungia dishi.

FundiBaridi: Sikuuliza usafi. Ni bomba la mtaa au tangi?

MamaArua: Mimi yangu ilinisumbua hivyo hivyo, kumbe kile kitundu cha chini cha kutolea maji barafu inapoyeyuka kilikuwa kimeziba. Nilitoa vitu vyote nikapuliza maji moto kwa bomba la sindano lisilo na sindano, likatoka gome la maharage na uchafu mweusi. Tatizo ni shemeji yangu, anaweka sufuria bila kufunika. Nimemwambia mpaka nimechoka, na mume wangu yuko upande wake.

HajatiKisenyi: Kuna watu wanapanga foleni kisimani na jerikani tangu alfajiri, na hapa mtu analia barafu imezidi. Tumshukuru Mungu kwa tulichonacho.

JichoKali: Jamani, mnasoma mnachojibu? Friza za kuungwa maji hivyo nyingi zinatoka Marekani, zinatumia volti 115. Hapa kwetu ni 240. Ingeungua siku ya kwanza. Kesho ataweka namba ya simu aanze kutuuzia vipuri. Hadithi hii imetungwa.

BodaJinja: Eeh! Nilishaanza kuandaa sahani.

NnyaboKireka: Ndugu, sina cha kumuuzia mtu. Dada yangu aliituma kwa kontena kutoka Boston alipohama nyumba. Ninayo transfoma, ile nzito ya kukaa sakafuni, inanguruma usiku kucha. Sikuitaja kwa sababu ninauliza habari ya maji. Na maji ni ya tangi, kama ni hilo mnalotaka. Bomba la mtaa linakatika, mwenye nyumba ana tangi kwenye stendi uani, fundi akaunga hapo. Mwenye nyumba hajui. Ningefanyaje?

JichoKali: Kwa nini ufiche tangi? Anayejenga hadithi ndiye anayefichua kidogo kidogo.

FundiBaridi: Kaka, na anayeogopa mwenye nyumba je? Nnyabo, stendi ina urefu gani kupita friza yako?

NnyaboKireka: Mimi niko ghorofa ya kwanza. Tangi limenizidi kama mita tatu.

FundiBaridi: Hapo ndipo penye ugonjwa. Ndani ya valvu ya nyuma, ile inayofungua na kufunga maji ya mashine, kuna kiwambo cha mpira, na kinachokibana kifunge ni nguvu ya maji yenyewe. Valvu nyingi za aina hiyo zinataka presha ya bar 1.4 hivi. Tangi linatoa bar moja kwa kila mita kumi za kimo, kwa hiyo wewe una kama 0.3. Mpira haukai sawasawa, maji yanadondoka hata mashine ikiwa imelala. Watu hudhani maji dhaifu hayawezi kuvuja. Jaribu hivi: chomoa umeme, toa trei, tazama kile kimrija cha juu kwa tochi. Kikiendelea kudondosha, mashine haina kosa.

NnyaboKireka: Nimechomoa. Linaning'inia tone kwenye ncha, linaanguka, linakuja jingine.

FundiBaridi: Funga koki ya hiyo paipu sasa hivi, ndipo urudishe umeme. Nyama haitaharibika. Na transfoma inashusha volti tu, haibadilishi mizunguko ya umeme. Mota iliyozoea mizunguko 60 kwa sekunde inapewa 50 yetu, inapata joto zaidi, kwa hiyo ipe nafasi ya hewa nyuma.

JichoKali: Haya, kama ni kweli, pole dada.

NnyaboKireka: Nimefunga. Ila fundi anakuja kesho saa tatu, hela yangu iko kwake, siwezi kumwambia asije.

MamaArua: Mwambie atazame na kile kitundu.

FundiBaridi: Mwache aje. Zile elfu themanini zianze pampu ndogo ya kuongeza presha, iwekwe kati ya tangi na friza, na valvu asafishe mchanga wa tangi. Mashine ya barafu asiiguse. Lakini ongea na mwenye nyumba kabla hajaja, maana pampu ataisikia.

NnyaboKireka: Nashuka kwake sasa.