Fundi unayejaza upepo wa PSI 44 kila gari, nani alikwambia namba ya ubavuni mwa tairi ndiyo kipimo?

Wakuu, naandika nikiwa nimefura, kwa hiyo mtanivumilia.

Matairi manne. Hayajamaliza mwaka na nusu. Jana nimeyafungua moja moja nikachomeka kipimo kwenye mifereji. Pembeni, upande huu na huu, bado kuna milimita 5 na ushee. Katikati 2. Mbili! Vile vinundu vilivyofichwa ndani ya mifereji, vinavyokaa kwenye milimita 1.6 ili ujue tairi limefika mwisho, vinakaribia kulingana na uso wa tairi. Mabega mazima, tumbo limeliwa lote. Mtu yeyote aliyewahi kushika tairi anajua hiyo ni alama ya nini: upepo umezidi, tena umezidi kwa muda mrefu.

Upepo nilikuwa nimeupima asubuhi hiyo hiyo ya jana, gari limelala usiku kucha. La mbele kushoto PSI 43 (PSI ni kipimo cha msukumo wa hewa ndani ya tairi). La mbele kulia 44. Ya nyuma 44 na 42. Nikafungua mlango wa dereva, nikainama, nikasoma ile stika iliyobandikwa kwenye nguzo ya mlango. Watu wachache ndani: kPa 220 (kipimo kingine cha msukumo huo huo) mbele na nyuma, yaani PSI 32. Gari likijaa watu na mizigo: 240 mbele, 260 nyuma, yaani kama 35 na 38. Hakuna mahali kwenye stika ile palipoandikwa 44. Hakuna!

Sasa 44 imetoka wapi? Nikampigia simu mkubwa wa gereji ninayopeleka gari kila sevisi. Jina la gereji siliweki hapa, shida yangu ni kazi yao. Akanijibu kwa sauti ya mtu anayemfundisha mtoto kufunga kamba za viatu: "Bosi, sisi tunafuata tairi linavyosema. Limeandikwa 44."

Nikaenda kuangalia. Kweli limeandikwa. Kwa maandishi madogo ubavuni: MAX PRESS 44 PSI. MAX, mzee wangu! Hicho ni kikomo cha tairi, si kipimo cha gari. Aliyetengeneza tairi hajui litafungwa kwenye gari gani. Saizi ileile inaweza kuvaliwa na kigari chepesi cha mtu mmoja au gari la familia lenye watoto watatu nyuma na masanduku kwenye buti. Yeye anakwambia tu usivuke hapa. Anayejua uzito wa gari, umegawanyika vipi mbele na nyuma, na breki na usukani vilipangwa kwa upepo kiasi gani, ni aliyetengeneza gari, na ndiyo maana akabandika stika mlangoni. Kwenye baadhi ya magari iko ndani ya kifuniko cha tangi la mafuta, na kitabu cha gari nacho kina namba hizo hizo. Kufuata ya ubavuni ni sawa na kuona lifti imeandikwa mwisho watu nane, basi kila ukipanda unatafuta wengine saba.

Kinachoniuma zaidi ni kwamba dalili zilikuwepo na nikazisoma vibaya. Mama watoto aliniambia mapema kabisa: "Hili gari limekuwa gumu, kila kishimo watoto wanaruka kama mahindi kwenye kikaango." Mimi mjuaji nikasema ni shokapu. Nikaenda kwa watu hao hao, wakaniunga mkono haraka sana, tukabadilisha shokapu mbili za nyuma. Gari likabaki gumu vilevile. Wakaniambia ni tabia ya shokapu mpya, zitalainika. Zilainike wapi wakati nimekalia ngoma nne zilizokazwa ngozi!

Halafu kuna ile siku ya mvua. Nilikuwa mwendo wa kawaida, mbele mtu kafunga breki, nami nikafunga. Gari likateleza kidogo kabla halijashika. Hatukugonga. Lakini ule muda mfupi ambao unakanyaga na gari linafikiria kwanza, na nyuma kuna kimya cha watoto ambao dakika moja iliyopita walikuwa wanagombana, hausahauliki. Siwezi kuapa kwamba ni upepo peke yake, barabara ilikuwa inateleza. Ila tairi lililojazwa kupita kiasi linavimba katikati, sehemu inayogusa lami inapungua, na siku ya mvua unazihitaji sentimita hizo zote.

"Lakini taa ya upepo kwenye dashibodi haikuwaka?" Nilijua mtauliza, na hapa ndipo nilipochoka kabisa. Haikuwaka hata siku moja. Taa ile kazi yake ni kukwambia upepo umepungua. Kiwango cha Marekani, kwa mfano, kinataka iwake tairi likiwa chini ya stika kwa robo. Kwa gari langu maana yake ni 24. Hebu fikiria: kati ya 32 na 24 unaendesha tu, dashibodi imekaa kimya, unadhani kila kitu shwari. Na ukizidisha ndiyo kabisa, haina habari.

Kuna kibaya zaidi. Gari langu halina sensa ndani ya matairi. Linatumia sensa za ABS, ule mfumo unaozuia magurudumu yasijifunge ukikanyaga breki, kulinganisha jinsi magurudumu yanavyozunguka, kwa sababu lenye upepo pungufu linakuwa dogo kidogo na linazunguka haraka kuliko wenzake. Mfumo huo haujui PSI. Unajua tu hali uliyoikuta siku ulipobonyezewa kile kitufe cha kuseti. Jamaa wa gereji walikuwa wanajaza 44, kisha wanabonyeza kitufe. Kila sevisi. Gari likafundishwa kwamba 44 ndiyo afya. Jana nimeshusha yale mawili ya mbele hadi 32, nikaitwa ndani, nikasahau ya nyuma. Jioni nimetoka kidogo tu, taa hiyooo! Mwaka mzima tumeharibu iko kimya, siku ninayorekebisha ndiyo inanipigia kelele.

Kabla hamjaja na lile neno lenu la kwamba upepo mwingi unaokoa mafuta: ndiyo, tairi likilegea gari linakuwa zito na linakunywa. Idara ya Nishati ya Marekani inasema kila PSI moja inayopungua kwenye matairi yote inakula kama asilimia 0.2 ya mafuta. Sifuri nukta mbili. Hata kama hesabu hiyo ingeendelea hivyo hivyo hadi 44, nimeokoa asilimia mbili na kitu, na nimelipa kwa matairi manne, shokapu mbili zisizo na hatia na kiuno cha mama mkwe.

Na wale wa upande wa pili msicheke, ninyi ndio mnaonitisha zaidi. Wale wa kupiga tairi teke, "liko poa hili." Tairi la siku hizi hubinuka kidogo chini hata likiwa na upepo sahihi, kwa jicho huwezi kutofautisha 32 na 25. Ya kwangu yameliwa katikati, ya kwenu yanaliwa mabegani pande zote mbili, na juu ya hapo yanachemka. Tairi lenye upepo mdogo linajikunja kila linapozunguka, joto linajengeka ndani, nyuzi zinaachia. Watu wanasema "limepasuka ghafla". Mara nyingi halikuanza ghafla, lilianza wiki ambazo hakuna aliyeinama kulipima. Mnakumbuka sakata la matairi ya Firestone kwenye magari ya Ford Explorer kule Marekani mwaka 2000? Matairi karibu milioni 6.5 yakarudishwa. Mpira unaachana na mkanda wa waya ulio ndani yake, gari linabiringika, watu wanakufa. Yale matairi yalikuwa na kasoro zake, sikatai, lakini moja ya mambo yaliyobishaniwa sana ni upepo: Ford walikuwa wameandika 26, Firestone wakaja kusema iwekwe 30. Tofauti ya PSI nne, makampuni mawili makubwa yakarushiana lawama mbele ya bunge la Marekani. Sheria iliyotokana na kisa kile ndiyo iliyoleta hizi taa za upepo kwenye magari ya Marekani. Kwangu mimi tofauti ni kumi na mbili, na naambiwa "bosi, usijali."

Jambo jingine la kunichefua ni hili la kupima tairi la moto. Tulipokuwa safarini mwezi uliopita nilisimama kujaza mafuta, kijana mmoja mkarimu akaja na geji yake, akapima, akashtuka: "Upepo umezidi, ngoja nipunguze." Siku ile nilimzuia kwa sababu tulikuwa na haraka, si kwa akili. Na kwa bahati mbaya alikuwa sahihi bila kujua, maana langu lilikuwa limezidi tangu nyumbani! Ila kwa gari lililojazwa vizuri angefanya uharibifu. Ukiondoka na 32 asubuhi, ukienda masaa mawili kwa mwendo wa barabara kuu, kukuta 36 au 37 ni kawaida kabisa, hewa imepata joto. Ukiishusha hadi 32 hapo hapo, kesho asubuhi utaamka na 27 au 28, halafu ndiyo upakie familia. Namba za stika ni za tairi la baridi: gari limesimama angalau masaa matatu, au limetembea kilomita moja mbili tu polepole. Hata jua likipiga upande mmoja wa gari, upande ule utasoma juu kidogo. Nyuzi joto 10 zikipanda au kushuka ni kama PSI moja na nusu hivi.

Nitrojeni sitaki hata kuizungumzia sana. Wale wa gereji walinishauri niijaze, "haipungui". Hewa tunayovuta ni nitrojeni asilimia 78 tayari. Inavuja taratibu zaidi kidogo, sawa, lakini haimfundishi fundi kusoma stika. Ukijaza 44 ya nitrojeni ni 44 tu.

Halafu nikasema ngoja nimalize hasira zote siku moja, nikaenda kwenye buti kutoa spea. Ni ile nyembamba, kaupande kameandikwa wazi: PSI 60, mwendo usizidi kilomita 80 kwa saa. Nimepima: 21. Sevisi zote hizo, kwenye karatasi yao kuna mstari "ukaguzi wa matairi" umewekewa tiki. Matano, au walihesabu manne? Na hayo manne wenyewe mmeona.

Lawama yangu mwenyewe naibeba. Mlango ule nimeufungua maelfu ya mara, stika iko usawa wa goti langu, sikuwahi kuinama. Nilikuwa nafikiri ni mambo ya kiwandani. Geji ndogo ya mkononi nimeinunua wiki hii, baada ya miaka kumi na moja ya kuendesha. Nimeilinganisha na geji mbili za vituo vya mafuta: moja imetofautiana nayo PSI moja, nyingine nne. Nne! Ile yenye nne bomba lake limechubuka na kioo kimepasuka, na kuna foleni ya magari yanaisubiri.

NYONGEZA: nimesoma majibu yenu. Aliyesema "peleka wili alaimenti", mkuu, alaimenti ikikosea huliwa upande mmoja wa tairi, ndani au nje. Langu limeliwa katikati, yote manne. Soma uzi kwanza.

Aliyeuliza apime kila baada ya muda gani: tairi zima lisilo na pancha linapoteza kama PSI moja kwa mwezi lenyewe tu, kwa hiyo mara moja kwa mwezi, na kabla ya safari yoyote ya mizigo. Na ukitoka kwenye safari urudishe ile ya kawaida, maana najua wengi tutajaza 38 ya nyuma na kuisahau humo. Moja likipungua peke yake kila mara, paka povu la sabuni kwenye valvu na pembeni ya rimu uone panapotoa mapovu, kabla hujashawishiwa kununua tairi. Vifuniko vya valvu navyo msivitupe, vinazuia vumbi na maji visiingie. Kwangu viwili havipo. Sijui vilibaki mfukoni mwa nani.

Na wewe uliyesema natafuta fidia: ndiyo, natafuta. Nimemwambia mkubwa wa gereji aje nyumbani kesho saa kumi na mbili asubuhi kabla gari halijasogea. Ya mbele nimeshayashusha, ila picha za geji kabla ya kushusha ninazo. Ya nyuma nimeyaacha na 44 na 42 yake makusudi, na spea na 21 yake. Aje na geji yake, yangu ipo, tupime mbele ya mlango ulio wazi, stika tunaiona wote. Amekubali, ila ameuliza kama anaweza kumtuma kijana badala yake.