Tupeane uzoefu: kiumbe vamizi gani ameingia kwenu, na amefukuza nini?

Mkulima wa Arusha:
Salaam wakuu. Huku kwetu gugu karoti limeshika kingo za barabara, viwanja vitupu na sasa linaingia malishoni. Lina maua meupe madogo, asiyelijua anaweza kuliacha akidhani ni pambo. Mwili unawasha ukiling'oa mikono mitupu, na ng'ombe akilila maziwa yanakuwa machungu. Baya zaidi, linatoa sumu inayozuia mbegu za mimea mingine kuota, kwa hiyo nyasi zinapungua msimu hadi msimu. Naomba kila mmoja aeleze mvamizi wa kwao: aliingiaje, na kipi cha asili kimepotea. Hilo la mwisho huwa tunalisahau.

Mvuvi Ukerewe:
Ziwa Victoria, mkuu. Sangara. Aliingizwa miaka ya 1950 hadi mwanzoni mwa miaka ya 1960, akakaa kama hayupo, miaka ya 1980 akalijaza ziwa. Anaweza kufika mita 2 na kilo 200. Waliokuwepo kabla yake walikuwa furu, samaki wa kiganja, aina zinazokadiriwa kufika 500, na karibu wote hawapatikani pengine popote duniani. Wataalamu wanakadiria aina kama 200 zimetoweka.

Watu husema "furu" kana kwamba ni samaki mmoja. Wazee wetu waliwatofautisha kwa rangi na mdomo. Kuna waliokula mwani, kuna waliovunja konokono kwa meno ya kooni, kuna waliowinda wenzao. Kila mmoja alikuwa na kazi yake ziwani. Walipoliwa na sangara, kazi zile zikakosa mwenyewe, na mbolea na majitaka kutoka nchi kavu vikazidi kuunenepesha mwani.

Halafu kuna la kuni. Furu ulimwanika juani akakauka, basi. Sangara ana mafuta mengi, haaniki. Lazima abanikwe au akaangwe. Samaki kageuka, miti ya visiwani na kandokando ya ziwa ikaanza kuliwa na matanuri.

Binti wa Mwanza:
Kaka, nakuelewa, lakini sangara ndiye aliyenisomesha. Baba alifanya kazi kiwanda cha minofu. Bila soko la Ulaya nisingemaliza sekondari.

Mvuvi Ukerewe:
Dada, hata mimi nauza sangara na mabondo (vibofu vyake vya hewa), sikatai. Lakini ile fedha ina watu wake, na furu alikuwa chakula cha kila mtu. Minofu ilipopanda ndege, kijijini tulibaki na mapanki, yaani vichwa na mifupa.

Mama Marigat:
Hamjambo? Huku Baringo, Kenya, ni mathenge, mti wa miiba wenye maganda ya mbegu. Ililetwa mwanzoni mwa miaka ya 1980 kuzuia jangwa na kutupatia kuni, na ukweli usemwe, kuni tulipata. Lakini mbuzi wanapenda yale maganda kwa sababu ni matamu. Sukari inanata kwenye meno, meno yanaoza, yanang'oka. Fungua mdomo wa mbuzi kama huyo uone: ufizi umevimba, nyasi inamtoka kando ya mdomo badala ya kushuka. Anakufa njaa akiwa malishoni. Mwaka 2006 wenzetu walimpeleka mbuzi asiye na meno mahakamani Nairobi kama ushahidi wa madhara ya mathenge.

Umeuliza nini kimepotea. Nyasi. Chini ya mathenge ardhi iko wazi kabisa, na pale nyasi zilipokuwa, migunga michanga haipati nafasi. Mbegu zinapita tumboni mwa mifugo na kuota kwenye samadi, kwa hiyo ni mifugo wetu wenyewe wanaoisambaza. Ukikata juu tu, inachipua matawi mengi kuliko mwanzo. Kinachosaidia ni kuchimba kisiki chini ya udongo, kupanda nyasi za kienyeji papo hapo, na kuzuia mifugo mpaka zishike.

Mpemba wa Unguja:
Kwetu kunguru. Waliletwa kutoka India miaka ya 1890 ili wale taka za mji. Wanawinda wawili wawili: mmoja anamchokoza mama ndege mpaka atoke kwenye kiota, mwenzake anaingia kubeba kinda. Chozi na minana wamepungua sana mjini, ukitaka kuwaona nenda shamba. Kenya ilitangaza mwaka 2024 mpango wa kuwaua kunguru milioni moja pwani. Mimi naunga mkono, ila majalala yakibaki wazi watazaliana tena.

Mkulima wa Arusha:
Ahsanteni sana. Mvuvi, hao furu wamekwisha kabisa?

Mvuvi Ukerewe:
Hapana. Sangara alipovuliwa sana, baadhi yao waliongezeka tena tangu miaka ya 1990, hasa wale wa maji ya wazi. Aina nyingine nyingi hazijaonekana tena. Wa Kisumu na Kagera tunawasubiri kwenye gugu maji: wale mbawakawa walioachiwa miaka ya 1990 ili walile wanafanya kazi bado huko kwenu?