Filamu yetu inajazwa kwenye flashi Mwanjelwa: tuna haki gani?

Mwulizaji, Mbeya
Ndugu zangu, kikundi chetu cha watu 9 kilimaliza filamu ya dakika 70 tuliyoipigia Tukuyu wakati wa mvua, tukaamua kuiuza wenyewe mtandaoni kwa shilingi 2,000. Walinunua watu 43. Siku ya tano niliikuta Mwanjelwa, hapa Mbeya, kwenye kompyuta ya kijana anayejaza muvi kwenye flashi, naye akaniambia kwamba aliipata katika kundi la Telegram. Aliyeivujisha alirekodi skrini ya simu yake, kwa maana kwenye kona ya juu chaji inaonekana ikiwa asilimia 14. Tangu siku hiyo hakuna aliyenunua tena, na mama aliyeigiza kama bibi, ambaye alifunga genge lake siku sita kwa ajili yetu, bado anatudai. Baadhi ya wenzangu wanasema tushukuru kwa kuwa tumetangazwa. Je, sheria inatulinda?

Muuzaji wa DVD wa zamani, Iringa
Kamwene, dada. Zamani msanii alimwuzia msambazaji wa Kariakoo filamu yake kwa fedha ya mkupuo, na wengi walilalamika kwamba walipunjwa. Nakala bandia zilikuwapo pia, hata mwaka 2013 zikaletwa stempu za kodi za kubandikwa kwenye kazi za filamu na muziki. Lakini stempu hubandikwa kwenye kasha, na faili haina kasha. Mwizi wa wakati ule alilazimika angalau kununua diski tupu na kuchapisha kava. Wa leo hagharimiki chochote. Hilo la kutangazwa msilikubali hata kidogo, kwa sababu filamu kubwa ya Marekani inaweza kuibwa ikiwa imekwisha kuingiza fedha za majumba ya sinema, ilhali yenu haina mlango mwingine wa mapato.

Mwanasheria, Njombe
Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki, Na. 7 ya 1999, inawalinda tangu kazi ilipoundwa, bila kusubiri usajili. Hata hivyo isajilini COSOTA, ofisi ya hakimiliki ya Tanzania, kwa kuwa cheti hurahisisha ushahidi, na mtunze faili ghafi za kamera pamoja na mikataba ya waigizaji. Telegram hupokea malalamiko ya hakimiliki. Watumieni kiungo cha kila mahali ilipowekwa hadharani. Siku nyingine wekeni namba ya mnunuzi kwa maandishi hafifu ndani ya picha, ili nakala ikivuja mjue imetoka kwa nani.

Mjaza flashi, Makambako
Wateja wangu wengi hutoka vijijini, ambako bando la kutazamia filamu moja ni ghali kuliko filamu yenyewe. Sikuwahi kufikiri kwamba mwenye kazi yuko Mbeya na anadaiwa, na ninaona aibu. Mngenipa faili safi kwa mgawo tuliokubaliana, ningeiuza kihalali.

Mwulizaji, Mbeya
Ndaga fijo, asanteni sana. Kijana wa Mwanjelwa amekubali kuifuta, na yeye pia ameomba mgawo. Nitamjibu baada ya kikao cha kikundi, na mama wa genge atakuwapo.